Foleni Isiyo na Daftari

Tuwabuni walimu wawili wa shule za msingi katika kaunti ndogo ya Voi. Wa kwanza, mwanamke wa miaka 56, anafundisha mjini. Ana gredi C1, na amekaa hapo tangu mfumo wa gredi uanze. Wa pili, mwanamume wa miaka 41, yuko upande wa Kasigau, ambako ukiteremka kwenye matatu pale Maungu bado una safari ndefu ya vumbi kabla ya kufika Rukanga. Naye ni C1. Kwa miaka kadhaa amekalia kiti cha mwalimu mkuu kama kaimu, bila cheo wala malipo ya cheo, kwa kuwa waliopangiwa kuja kule walitafuta sababu za kutokuja. Sasa Tume ya Kuwaajiri Walimu, TSC kwa kila mtu, imetangaza nafasi ya mwalimu mwandamizi. Nafasi ni moja.

Ukiuliza swali hili katika chumba cha walimu wakati wa chai ya saa nne, utapata majibu matatu na kelele nyingi. Wapo watakaosema apewe mama, kwa sababu ametangulia na muda wake umebaki mfupi. Wengine watasema apewe wa Kasigau, kwa sababu ndiye anayeifanya kazi. Jibu la tatu hutolewa kwa sauti ya chini, baada ya kutazama ni nani aliyekaa karibu: apewe mtu wa hapa. Majibu hayo ndiyo mada yangu hapa, na nitasema mapema msimamo wangu. Ugomvi wetu kuhusu ukongwe kazini na mgao wa maeneo hauchochewi sana na ubaya wa kanuni hizi mbili. Unachochewa na jambo dogo zaidi na la aibu zaidi: tumewaahidi walimu zaidi ya laki tatu kwamba kuna foleni, lakini hakuna anayeweza kuona yuko nafasi ya ngapi.

Tuanze na sheria, maana kila upande hudai iko nyuma yake. Katiba ya 2010, ibara ya 237, inaipa TSC kazi ya kuajiri walimu, kuwapangia shule, kuwapandisha vyeo, kuwahamisha na kuwaadhibu. Ibara ya 232 inaeleza maadili ya utumishi wa umma. Inasema msingi wa kuajiri na kupandisha vyeo uwe ushindani wa haki na ustahili, kisha inaufungia msingi huo masharti mawili: jamii mbalimbali za Kenya ziwakilishwe, na wanaume, wanawake, watu wa makabila yote na watu wenye ulemavu wapate nafasi sawa za kuajiriwa, kupata mafunzo na kupanda. Ibara ya 54 inaongeza lengo la angalau asilimia 5 kwa watu wenye ulemavu katika vyombo vya kuchaguliwa na vya kuteuliwa. Ukiisoma ibara ya 232 kwa makini utagundua kinachokosekana. Ukongwe hautajwi.

Hata hivyo mwalimu anauamini ukongwe kuliko anavyoiamini ibara yoyote, na imani hiyo haikuanguka kutoka mbinguni. Kabla ya TSC kuundwa mwaka wa 1967, mwalimu aliajiriwa na misheni, na halmashauri ya wilaya au na shirika fulani, na kupanda kwake kulitegemea kasisi au karani aliyekuwa na neno. Mwajiri mmoja wa taifa zima alikuja na ngazi moja ya taifa zima: makundi ya kazi yenye herufi, ambapo mwalimu wa cheti cha P1 alianzia G na kupanda. Hatua za chini zilikuwa karibu za uhakika. Fundisha, epuka kesi za nidhamu, subiri, nawe utasogea. Chama cha walimu, KNUT, kilichozaliwa 1957, kilikua kwa kuilinda kanuni hiyo. Na kwa mwalimu wa Mgange au Sagalla asiye na binamu Nairobi, kanuni ya kusubiri ilikuwa kinga. Kalenda haina kabila, wala haipigiwi simu usiku na mheshimiwa.

Kisha foleni ikavurugwa, mara tatu au nne, na kila mara kwa sababu iliyoonekana nzuri wakati ule.

Hadi 1998 aliyehitimu chuo cha ualimu alikuwa na hakika ya kuajiriwa. Mwaka huo serikali, ikiwa imebanwa na masharti ya kupunguza mishahara ya umma, ikafunga mlango. Ulipofunguliwa tena mwaka wa 2001, walimu walianza kuajiriwa kulingana na pengo la shule, si kulingana na idadi ya waliohitimu. Kwa hiyo kuna kizazi kilichokaa nyumbani na cheti sandukuni kwa miaka, kikifundisha kwa pesa za wazazi, na miaka hiyo haimo katika hesabu ya ukongwe wa mtu yeyote. Mwaka wa 2003 elimu ya msingi ikatangazwa kuwa bure na madarasa yakafurika. Mwaka wa 2009 umri wa kustaafu ukasogezwa kutoka miaka 55 hadi 60. Lilikuwa jambo jema kwa waliokuwa na 54, ila kwa miaka mitano viti vya juu havikuachwa na waliokuwa wastaafu, na walio chini wakasimama walipokuwa.

Pigo kubwa zaidi ni la mwongozo wa kupanda kazi wa mwaka wa 2018. Tume ya Mishahara na Marupurupu ilikuwa imepima thamani ya kila kazi, na mkataba wa pamoja wa 2017 hadi 2021 ukaleta gredi mpya, kuanzia B5 hadi D5. Mwalimu wa msingi husogea kutoka B5 hadi C1 baada ya miaka mitatu bila kushindana. Kutoka hapo, kila hatua ni tangazo, maombi, mahojiano na alama, na karibu kila hatua imefungwa kwenye madaraka: mwalimu mwandamizi, naibu, mwalimu mkuu. Miaka mitatu katika gredi ikabaki kuwa tiketi ya kuomba tu. Na wale waliotumia likizo zao za Aprili, Agosti na Desemba kusomea shahada kwa pesa zao, wakijua kwamba zamani karatasi ile ilimpandisha mtu, waliambiwa kwamba siku hizi haimpandishi.

KNUT ilikwenda mahakamani. Tarehe 12 Julai 2019 Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi aliamua kwamba mwongozo huo usitumike kwa wanachama wa KNUT, waendelee na mfumo wao wa zamani. Ushindi ukageuka kuwa kitanzi. TSC ilisema vizuri, basi wanachama wa KNUT hawatapata pia nyongeza zilizotokana na mfumo mpya. Majirani wawili katika shule moja wakawa na mishahara tofauti kwa sababu ya kadi ya chama. Walimu walikimbia KNUT kwa makumi ya maelfu, na Juni 2021 katibu mkuu wake, Wilson Sossion, akajiuzulu. Sijui mfano mwingine nchini unaoonyesha kwa ukatili kiasi hicho thamani halisi ya ukongwe: walimu waliupenda, lakini hawakuweza kuulipia.

Sasa turudi kwa yule mama wa miaka 56, kwa sababu wanaouona ukongwe kama uvivu wa kusubiri huwa hawajapiga hesabu ya pensheni yake. Walimu wa rika lake wako katika mpango wa zamani, ambapo pensheni hupatikana kwa kuchukua mshahara wa mwisho, kuuzidisha kwa idadi ya miezi ya utumishi, kisha kugawanya kwa 480. Aliyetumika miaka 30 ana miezi 360, yaani robo tatu ya mshahara wa mwisho. Mshahara wa mwisho, si wa wastani. Kila shilingi atakayoongezwa leo atakuwa nayo kwa sehemu kubwa hadi kufa. Akikosa nafasi hii na ile inayofuata, umaskini wa uzee wake utakuwa umeamuliwa na jopo la mahojiano lililokaa naye kwa dakika chache. Walimu wa chini ya miaka 45 waliingizwa katika mpango wa kuchangia ulioanza Januari 2021, na kwao hesabu hii imelegea. Kwa hiyo, ndani ya foleni moja, watu wanapigania vitu viwili tofauti. Mdogo anatafuta cheo. Mkubwa anatafuta pensheni.

Upande wa pili ni mgao. Mwaka wa 2025 TSC iliwapandisha vyeo walimu 25,252, na Kamati ya Elimu ya Bunge la Taifa, chini ya Mbunge wa Tinderet Julius Melly, ikawaita wakuu wa Tume waeleze ni kanuni gani iliyotumika kuzigawia kaunti nafasi hizo, maana zilizo na walimu wengi zilihisi zimepunjwa. Nafasi 25,252 zikigawanywa sawa kwa kaunti 47, kila moja hupata kama 537. Inasikika kama haki mpaka uanze kugawanya tena. Tuseme kaunti moja ina walimu 3,000 na nyingine 12,000. Kila moja ikipewa nafasi 500, katika ile ndogo anapanda mmoja kati ya 6. Katika kubwa, mmoja kati ya 24. Walimu wawili walioajiriwa siku moja, wenye alama zile zile, wanatofautiana mara nne kwa sababu ya mstari uliochorwa na watu wa mipaka.

Mtetezi wa mgao sawa ana jibu, na si jibu jepesi. Ukigawa kwa idadi ya walimu peke yake, kaunti iliyonyimwa walimu tangu zamani itaendelea kunyimwa vyeo kwa kosa la kunyimwa walimu. Shule zenye upungufu zitakuwa na waombaji wachache, hivyo nafasi chache, hivyo mwalimu mwenye akili atahama. Mgao wa maeneo ulibuniwa kukata mzunguko huo.

Taita Taveta inakaa vibaya katikati ya hoja hizi mbili. Ni kaunti ndogo kwa watu: sensa ya 2019 ilihesabu wakazi 340,671. Kwa ardhi si ndogo hata kidogo, ila asilimia 62 hivi ni Hifadhi za Tsavo, na ndovu hawaombi kazi kwa TSC, ingawa huamua ni saa ngapi mtoto wa Sagalla anaweza kutoka nyumbani kwenda shule. Mwaka wa 2013 Tume ya Ugavi wa Mapato iliiweka miongoni mwa kaunti 14 zilizotengwa kimaendeleo, zitakazonufaika na Hazina ya Usawazishaji, pamoja na Turkana, Mandera, Wajir, Tana River na nyinginezo. Lakini mtu akisema kaunti za mazingira magumu, akili za Nairobi hukimbilia kaskazini. Milima ya Taita ina kahawa kidogo, mboga nyingi na misheni kongwe. Voi ina stesheni ya reli mpya na barabara ya lami inayopita katikati ya nchi. Nani ataamini kwamba hapa ni pagumu?

Uchoyo wa takwimu umejificha ndani zaidi. Kaunti ina kaunti ndogo nne. Katika sensa ya 2019 Voi ilikuwa na watu 111,831, Taveta 91,222, Mwatate 81,659, na Taita, yaani Wundanyi na milima yake, 55,959. Ukigawa nafasi sawa kwa kaunti ndogo, Wundanyi inapata sawa na Voi yenye watu mara mbili yake. Basi mgao unaotakiwa kumsaidia aliye pembeni unaweza kuipunja Voi. Ila Voi yenyewe ni nini? Jina hilo moja linabeba mtaa wa Kaloleni ulio hatua chache kutoka benki na hospitali, na linabeba pia Rukanga, Jora, Bungule na Makwasinyi, vijiji vilivyozunguka Mlima Kasigau. Kwenye jedwali la Tume vyote ni Voi. Nafasi zikija kwa jina la Voi, mwalimu aliye karibu na intaneti, karibu na ofisi ya mkurugenzi wa elimu na karibu na mtu wa kumfundisha jinsi ya kujibu maswali ya jopo ndiye atakayefika mezani amejiandaa. Mgao umefika Voi. Kasigau haujafika.

Na hata ukifika, hautakaa. Hili ndilo jambo ninalolalamikia zaidi, na nashangaa halisemwi sana. Cheo cha mwalimu kwa kawaida huja na uhamisho: unapandishwa, kisha unapangiwa shule yenye pengo la cheo chako. Kaimu wetu wa Kasigau akifaulu, huenda barua yake ikampeleka Taveta au nje ya kaunti kabisa, na shule aliyoishikilia itabaki kumsubiri kaimu mwingine. Tumetumia ugumu wa maisha ya watoto wa Kasigau kama hoja ya kupata nafasi, kisha nafasi tukaipeleka kwingine na mwalimu wao juu yake.

Jibu la tatu, lile la sauti ya chini, nalo lina historia. Nafasi za Taita Taveta ni za nani? Kwa hesabu ya Tume ni za walimu wanaofundisha Taita Taveta, hata kama kwao ni Vihiga au Makueni. Kwa hesabu ya wengi mitaani, ni za Wadawida, Wasaghala na Wataveta. Kati ya maana hizo mbili kuna shimo, na sera ya uhamisho nje ya kaunti za nyumbani ililichimba zaidi. Kuanzia 2018 walimu wakuu, na baadaye wengine, walihamishwa makwao kwa hoja kwamba shule ya umma si mali ya kijiji na mwalimu ni mtumishi wa taifa. Waliotoka milimani walijikuta Kisii au Meru. Waliotoka bara walijikuta Mwatate. Serikali iliyoingia madarakani Septemba 2022 ilikuwa imeahidi kuifuta sera hiyo, na wengi wakarejea makwao. Lakini waliopata vyeo wakiwa ugenini walirudi na vyeo hivyo, wakakaa juu ya wale waliobaki wakisubiri. Ukongwe wa kituo na ukongwe wa cheo vikagongana mlangoni.

Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008 inasema taasisi ya umma isiwe na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi kutoka jamii moja. Taasisi hiyo ni nini: TSC nzima, kaunti, au shule ya Mbale yenye walimu 12? Ukiichukulia kwa shule, karibu kila shule ya mashambani Kenya imevunja sheria. Ukiichukulia kwa Tume nzima, haina la kusema kuhusu Voi. Mimi nasimama na Tume kwenye swali hili moja: mgao ufuate kituo, usifuate ukoo. Mwalimu wa Vihiga aliyekaa Marungu miaka 10 amekunywa maji ya chumvi yale yale.

Wanaodhani ukongwe ni mizani safi na mgao ndio siasa, wafikirie pia shule zilianzia wapi. Wamisionari Waanglikana wa CMS walipiga kambi Sagalla mwaka wa 1883, na mapadri Wakatoliki wakafika Bura katika muongo uliofuata. Wataita walijua kusoma na kuandika mapema kuliko majirani wengi wa pwani na nyika, wakatoka kwenda kufundisha na kukalia madawati ya ukarani kila mahali. Kwa hiyo foleni ya walimu ilipoanza kuhesabiwa kitaifa, mtu wa Wundanyi alikuwa amekwisha kusimama mbele, na mtu wa Hola au Wajir alikuwa bado anatafuta shule. Anayelinda ukongwe analinda pia, apende asipende, mpangilio wa misheni za karne ya kumi na tisa. Hata ndani ya kaunti, mlima ulitangulia tambarare. Na wanawake wana hesabu yao: cheo kinachokuja na uhamisho wa ghafla ni rahisi zaidi kwa mwanamume anayeweza kuiacha familia nyuma. Wako walimu wa kike ambao hawakuomba kabisa, na katika takwimu wanaonekana kama watu wasiotaka kupanda.

India imelipigania swali hili kwa muda mrefu na kwa undani kuliko nchi yoyote ninayoifahamu. Kule nafasi hutengwa kwa matabaka yaliyodhulumiwa na kwa makabila ya pembezoni. Mwaka wa 1992 Mahakama ya Juu, katika kesi ya Indra Sawhney, ilikubali mgao wakati wa kuajiri ikaukataa wakati wa kupandisha vyeo. Bunge likabadilisha katiba mwaka wa 1995 kuuruhusu. Ndipo likazuka swali zuri ajabu. Mtumishi wa nafasi iliyotengwa amepanda mapema. Miaka mitatu baadaye mwenzake aliyeajiriwa kabla yake anapanda kwa njia ya kawaida na kumkuta kwenye gredi ile. Sasa nani ni mkubwa wa mwenzake wanaposubiri ngazi inayofuata? Mahakama ilisema wa zamani akifika anarudishiwa utangulizi wake. Bunge likakataa: mwaka wa 2001 likabadilisha katiba tena, aliyepanda kwa mgao abaki na ukongwe alioupata kwa cheo chake. Mwaka wa 2006, katika kesi ya M. Nagaraj, mahakama ikaruhusu, ila ikaitaka serikali ilete takwimu za kuonyesha kwamba kundi hilo kweli limebaki nyuma na kwamba kazi haitaharibika.

Marekani nako kulikuwa na kesi ya walimu, katika mji wa Jackson, Michigan, ambapo mkataba wa chama uliwalinda walimu wa jamii za wachache wasipunguzwe kazi kupita kiasi, hata kama wazungu waliopunguzwa walikuwa wakongwe zaidi. Mwaka wa 1986 Mahakama ya Juu iliutupa mpango huo. Sitaki tuige India wala Jackson. Ninachokionea wivu ni kitu kimoja: kule, walipogombana, kila mtu alikuwa na orodha mkononi. Ilijulikana nani aliingia lini, nani alipanda kwa mlango upi, na nani anamfuata nani. Wanasheria waligombania mpangilio wa majina yaliyoonekana.

Sisi tunagombania majina ambayo hatuyaoni. Mwalimu wa Voi anayekosa cheo haambiwi kama alikosa kwa alama mbili au ishirini, wala waliomtangulia katika kaunti yake ni wangapi. Anaona tu jina la mwenzake kwenye orodha iliyosambazwa kwa simu, na pengo kati ya hayo mawili analijaza kwa kile anachokijua: kabila la mwenzake, kanisa lake, mume wake, mbunge wake. Mara nyingi huenda anakosea. Lakini amenyimwa njia ya kujua kwamba amekosea.

Kwa hiyo ningeanza na daftari kabla ya kugusa asilimia yoyote. Kila kaunti iwe na orodha ya wazi ya walimu kwa gredi, ikionyesha tarehe ya kuajiriwa, tarehe ya kuingia gredi, na vituo walivyotumikia, ikitumia namba za TSC bila majina kama faragha inatisha watu. Kisha mgao ushuke chini ya kaunti ndogo. Tume ya Ugavi wa Mapato ilijifunza hilo: sera yake ya pili, ya 2018, iliacha kuhesabu kaunti nzima nzima, ikataja maeneo 1,424 katika kaunti 34. Kama Hazina ya Usawazishaji, inayolipia maji na barabara, inaweza kutofautisha Kasigau na Kaloleni, cheo cha mwalimu kinaweza pia. Ndani ya kila mgao mdogo, ukongwe utawale: kati ya waliotumikia Kasigau, atangulie aliyetumikia zaidi. Na anayepanda kwa nafasi ya Kasigau aishikie Kasigau kwa muda uliowekwa, akiwa na cheo chake na malipo yake, kabla ya kuhamishwa.

Yule mama wa mjini? Kwa utaratibu huu anaweza kukosa, na sitajifanya hilo halina uchungu. Kwake ningetenga njia nyingine isiyohitaji kiti: walio karibu kustaafu na waliokwama gredi moja zaidi ya miaka kumi wapande gredi wakiwa darasani, bila kupewa ofisi. Pesa si kisingizio kikubwa kama inavyodhaniwa. Rais William Ruto alipokutana na walimu Ikulu Septemba 2025, aliahidi kuongeza bajeti ya vyeo kutoka shilingi bilioni 1 hadi bilioni 2 kwa mwaka, ili wanaopanda wawe 50,000 badala ya 25,000. Gawanya bilioni 1 kwa walimu 25,252: ni kama shilingi 39,600 kila mmoja kwa mwaka, 3,300 kwa mwezi. Kwa kiasi hicho tumewafanya watu waliofundisha nusu ya wilaya wachukiane.

Na foleni haijamaliza kurefuka. Sekondari msingi zilianza Januari 2023 ndani ya shule za msingi, zikiwa na walimu wengi wenye shahada chini ya walimu wakuu ambao wengi wao waliingia kazini kwa cheti cha P1. Maelfu ya walimu hao wapya waliletwa kama wanagenzi kwa shilingi 17,000 kwa mwezi. Aprili 2024 mahakama, chini ya Jaji Ongaya yule yule, iliona kwamba mikataba hiyo haikuwa halali kwa watu waliokwisha kufuzu na kusajiliwa. Januari 2025 wanagenzi 46,000 wakapewa ajira ya kudumu. Wako Voi, wako Mwatate, na baada ya miaka michache watakuwa wakiomba vyeo pamoja na kila mtu niliyemtaja hapa. Aliyeingia darasani mwanzoni mwa 2023 na kufundisha mzigo kamili, ukongwe wake uhesabiwe kuanzia siku hiyo, au kuanzia Januari 2025 alipopewa barua ya kudumu? Miaka miwili hiyo itaamua nani anasimama mbele ya nani hadi mwishoni mwa miaka ya 2050, na ingefaa iandikwe sasa, wakati hakuna nafasi yoyote iliyotangazwa inayoitegemea.